Kuku Ambaye Jaji Hakumla

Jaji angefika Alhamisi saa nne asubuhi kukiona kisima kwa macho yake, na kufikia Jumatano alfajiri Selpher alikuwa keshaingia majini, leso ameifunga juu ya magoti, beseni mkononi, akiwaamrisha wanawake wenzake kama sajini.

"Toeni utando wote! Na huko chini ya jiwe pia. Mnataka mgeni aone nini?"

Hakuna aliyemtuma. Hapo ndipo mambo yalipoharibikia, ingawa ukiniuliza mimi, nitakuambia hakuna mwanamke wa huku kwetu Kabras ambaye angefanya vingine. Mgeni akija unafagia. Mgeni mkubwa akija unafagia, unafyeka njia, unakandika ukuta upya, na jogoo aliyekuwa akiwika kwa maringo siku hiyo anajua mwisho wake umefika. Na huyu aliyekuwa anakuja hakuwa diwani wala padri. Alikuwa jaji wa Mahakama ya Mazingira na Ardhi, anatoka Kakamega mjini, na anakuja kwa sababu ya barua ambayo Selpher aliiandika kwa mkono wake mwenyewe. Ungekuwa wewe, ungemwacha akute kisima kinanuka?

Kisima chenyewe kiko bondeni, mwendo mfupi wa pikipiki kutoka Malava, chini ya mashamba ya miwa. Kinaitwa Kisima cha Khalayi. Khalayi alikuwa mama mkwe wa Selpher, na ndiye aliyelifukua jicho la maji mwaka mmoja wa kiangazi, akalizungushia mawe, kisha akaliwekea sheria. Hakuna kufua nguo pale. Hakuna kutumbukiza sufuria yenye masizi. Na uchafu unaotolewa kisimani hautupwi mtoni, kwa maana huko chini nako kuna watu wanaochota, na baadhi yao ni wakwe zetu. Uchafu unabebwa kichwani, unapandishwa mlima hadi kwenye shimo la zamani la matofali, haumwagwi mahali pengine. Waliolalamika kwamba mlima ni mkali, Khalayi aliwaambia basi waache kunywa maji.

Alipokuwa anakufa aliushika mkono wa Selpher. "Kisima nimekuachia wewe," alisema. Hakumwachia Namalwa, binti yake wa kumzaa, aliyekuwa amekaa palepale kando ya kitanda. Namalwa hajawahi kumsahaulisha wifi yake jambo hilo. Mara nyingi husema kwa utani, na siku nyingine si utani.

Miaka thelathini Selpher alikitunza. Kisha akaja Onesmus Lusweti, mtoto wa mlima uleule, akajenga kiwanda cha sukari guru pale juu. Watu walishangilia, na walikuwa na haki ya kushangilia. Miwa iliyokuwa ikikauka shambani ikisubiri lori sasa ilipata mnunuzi wa karibu. Vijana walipata kazi. Namalwa mwenyewe alipata kazi ya kuwapikia wafanyakazi. Ila kiwanda kilichimba mtaro, na mtaro ukaelekea bondeni, kwa kuwa maji hayajui kupanda. Mwezi wa tatu kisima kikaanza kutoa povu. Mwezi wa tano kikavaa utando mweusi unaonuka molasi iliyochacha. Vyura wakanyamaza, watoto wakaanza kujikuna miguu hadi damu, na wanawake wakawa wanavuka mlima mwingine kutafuta maji ya kunywa, saa nzima kwenda na saa nzima kurudi.

Selpher alianzia kwa Onesmus. Alimwendea kama mama anavyomwendea mtoto, akapewa chai na mkate, akaambiwa, "Mama, hilo nitalishughulikia kesho." Onesmus hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu ambaye kesho yake haifiki. Selpher akaenda kwa chifu, akaambiwa aende ofisi fulani mjini. Akaenda ofisi hiyo, akaambiwa mwenye faili ametoka. Akarudi, mwenye faili akawa bado ametoka, na kwa jinsi alivyotoka muda mrefu Selpher alianza kumwombea.

Ndipo Jumapili moja akaja kanisani wakili msichana aitwaye Mitchel, anayefanya kazi na shirika la kuwasaidia wananchi bila malipo. Mitchel alisimama mbele akasema kwamba Katiba inamruhusu mtu yeyote kwenda mahakamani kutetea mazingira, hata kama hawezi kuthibitisha kwamba yeye binafsi ameumia.

Selpher aliinua mkono. "Hata kama shamba si langu?"

"Hata kama shamba si lako, mama."

"Hata kama sijui Kizungu?"

"Andika kwa lugha unayoijua. Karatasi ya daftari inatosha."

Akaandika usiku uleule, na barua yake ilianza hivi: *Mimi ni Selpher, mjane, ninaandika kwa niaba ya kisima kwa sababu kisima hakiwezi kuandika.* Mitchel alipoisoma alisema hatabadilisha hata nukta, ataongeza tu karatasi zake za sheria kwa nyuma. Kesi ikapokelewa. Onesmus akaweka wakili wake, Wesley Barasa, mwanamume nadhifu mwenye sauti ya kuhubiri, naye akaiambia mahakama kwamba hakuna uchafu wowote, ni chuki za wanakijiji kwa mwenzao aliyefanikiwa. Jaji akawasikiliza wote wawili, akavua miwani, akasema atakwenda kuona mwenyewe. Uchafu ukionekana, atatoa amri ya kuusimamisha. Usipoonekana, basi.

Sasa unaelewa kwa nini nimesema mambo yaliharibika Jumatano. Mitchel ni mtoto wa mjini. Haikumpitia akilini kuwaambia wasiguse kitu, kama vile haikumpitia Selpher kuuliza. Wanawake tisa walichota utando na tope tangu alfajiri hadi adhuhuri, wakapanda mlima, wakamwaga shimoni, wakateremka, wakachota tena. Waliyasugua mawe kwa mchanga. Jioni jicho la kisima lilikuwa limejaa maji mapya, meupe, unaona hadi kokoto za chini. Selpher aliyatazama akaona fahari. Miezi mingi hakuwa ameyaona maji ya mama mkwe wake yakiwa hivyo, na machozi yalimlengalenga. Hakujiuliza kwa nini tangu Jumatatu mtaro wa kiwanda ulikuwa mkavu.

Jaji Chepng'etich alifika saa nne kasorobo. Alikuwa mama wa makamo, mrefu, na aliposhuka garini alivua viatu vyake vya ofisini akavaa gambuti za mpira, jambo lililowafurahisha wanawake wote. Nyuma yake walikuja karani, afisa wa mazingira mwenye sanduku la chupa, Mitchel, Barasa, na Onesmus mwenyewe akiwa na kofia mkononi. Waliteremka kwa njia iliyofyekwa. Wakafika kisimani. Wakasimama.

Ndege alilia juu ya mti. Maji yalimeremeta.

Barasa hakuhitaji hata kuhubiri. "Mheshimiwa," alisema taratibu, "mimi nina macho mawili kama wewe. Hapa naona maji safi kuliko yale ninayokunywa mjini. Ningeomba karani aandike hivyo."

Karani akainamisha kichwa akaandika. Mitchel alimgeukia Selpher, na katika uso wa yule msichana Selpher aliona kitu ambacho hakukielewa mara moja. Haikuwa hasira. Ilikuwa ile sura ya mtu aliyeona sufuria inaanguka na mikono yake iko mbali. Kisha akaelewa. Akaelewa yote kwa mara moja. Kisima alichoachiwa na marehemu, amekizika mwenyewe kwa beseni lake mwenyewe.

Angeweza kunyamaza. Wengine wangemlaumu Onesmus, wangesema ni yeye aliyekuja kusafisha ili kuficha, na nani angebisha? Mmoja wa wanawake wale tisa alikwisha kumnong'oneza, "Sema ni wao." Selpher aliutazama mdomo uliomnong'oneza, akaitazama kalamu ya karani.

"Mheshimiwa, naomba kusema."

"Napinga," Barasa alisema. "Mama huyu ana wakili wake."

"Utapata nafasi ya kumuuliza maswali, Bwana Barasa," Jaji akasema. "Sema, mama."

"Uchafu ulikuwepo. Nimeutoa mimi jana, na hawa wenzangu. Hakuna mtu alitutuma. Tulikuwa tunakungojea wewe. Sisi kwetu mgeni hakutangi uchafu. Sikufikiria. Nimeharibu kesi yangu, lakini sitasema uongo mbele ya maji haya."

Afisa wa mazingira aliachia kicheko, akakimeza haraka. Jaji hakucheka. Alimtazama Selpher kuanzia kitambaa cha kichwa hadi miguuni, akaona vipele vyekundu vilivyojaa kuanzia vifundoni hadi magotini, akaitazama na miguu ya wale wengine.

"Mliutoa mkaupeleka wapi?"

"Kule juu, kwa shimo la matofali. Hatutupangi mtoni. Huko chini kuna watu."

"Nipeleke."

Mlima uleule ambao Khalayi aliwalazimisha watu kuupanda kwa miaka yote ile, siku hiyo uliwapandisha jaji, karani na mawakili wawili, na Barasa aliteleza mara mbili akaharibu suruali yake nzuri. Nisiseme uongo, wanawake walifurahi kidogo. Walipofika harufu iliwapokea. Shimo lilikuwa limejaa nusu. Tope jeusi linang'aa, linatoa mapovu polepole kama uji unaochemka, nzi wamelifunika, na majani ya ukingoni ambako mabeseni yalimwagikia yalikuwa yamekwisha kunyauka kwa siku moja tu. Jaji alisimama ukingoni muda mrefu bila kuziba pua.

Barasa alijifuta jasho. "Mheshimiwa, hakuna anayejua hili limetoka wapi. Linaweza kuwa limeletwa na punda usiku."

"Kweli, sijui," Jaji alisema. Akamgeukia afisa wa mazingira. "Chukua chupa hapa. Chukua nyingine kisimani. Halafu tutakwenda kiwandani uchukue kwenye bwawa lao, sote tukiona. Maabara itatuambia kama ni ndugu."

Onesmus aliishika kofia yake kwa mikono miwili, akaizungusha, akaizungusha tena.

Njia ya kwenda kiwandani hupita mbele ya boma la Selpher, na hapo ndipo moyo wake ulipovunjika mara ya pili. Tangu saa kumi na moja alfajiri alikuwa akipika. Ingokho, jogoo mzima, kwa mchuzi mzito. Obusuma, ugali wa kwetu, imefunikwa kwenye ungo ili isipoe. Kwa Waluhya kuku si chakula tu. Mgeni akiletewa kuku ameambiwa, wewe ni mtu kwetu, na akimkataa naye amesema kitu. Selpher alisimama mlangoni akiwa na birika la kunawia mikono.

"Karibu, Mheshimiwa. Ni kidogo, lakini karibu."

Jaji alisimama. Alilitazama birika, na Selpher angeapa kwamba mama yule alikuwa na njaa.

"Asante sana, mama. Siwezi kula."

"Hata paja tu."

"Siwezi. Wewe na Bwana Lusweti mmekuja mbele yangu. Nikila kwako nimekula upande mmoja." Akainamisha kichwa kwa heshima, akaondoka na gambuti zake zenye matope.

Selpher alibaki na birika mkononi. Kule juu kiwandani moshi wa nyama choma ulikuwa unapanda, na tangu asubuhi kijiji kizima kilijua kwamba Onesmus amechinja mbuzi, ameweka hema na viti vya plastiki vyenye vitambaa vyeupe. Msafara wa Jaji ukapanda ukaelekea kulekule kwenye moshi. Selpher hakuufuata. Aliingia ndani, akawagawia wenzake yule kuku, wakala, na ingawa alikuwa ametiwa viungo vyote hakuwa na ladha yoyote. Kwisha, alijiambia. Kuku wa mjane anakataliwa, mbuzi wa tajiri analiwa. Alimwona Khalayi kitandani akimshika mkono, akajuta kwamba mkono ule haukwenda kwa Namalwa.

Jua lilikuwa limeelekea kuzama Namalwa aliposhuka kutoka kazini. Hakuwa amekanyaga boma lile tangu kesi ianze, maana kiwanda kikifungwa na kazi yake imekwenda, na kisa ni wifi yake. Siku hiyo alikuja na sufuria kubwa yenye mfuniko, akaitua chini kwa kishindo.

"Chukua. Mbuzi."

"Sina njaa ya makombo ya jaji wako," Selpher alisema.

"Makombo gani? Hakugusa." Namalwa alijitupa kwenye kigoda akavua viatu. "Nilipika tangu jana, wifi yangu. Maini, mbavu, supu. Onesmus mwenyewe akamwambia karibu Mheshimiwa, akasema siwezi. Akaletewa soda baridi, akasema siwezi. Maji ya chupa! Akasema ana yake kwa gari. Alisimama kwa jua akingoja zile chupa zijazwe, wengine wako chini ya hema. Onesmus aliona aibu hadi nikamhurumia. Akaniuliza, 'Namalwa, kwani sisi wachafu?'"

Selpher alimtazama. "Hata maji?"

"Nakwambia hata maji."

Selpher alianza kucheka. Alicheka hadi akashika mbavu, na Namalwa ambaye hakujua kinachochekesha akaanza kucheka naye, kisha katikati ya kicheko Selpher akawa analia, na hakuona haya. Alikuwa ameelewa. Aliyemkataa kuku wake ndiye aliyemkataa mbuzi wa Onesmus, kwa neno lilelile moja. Tangu azaliwe hajawahi kupimwa kwa kipimo kimoja na mwenye mali. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni, watu husema, lakini yeye alikuwa amezoea ile sehemu ya kwanza tu.

"Hata nikishindwa," alisema akijifuta kwa leso, "sasa nitashindwa vizuri."

Namalwa alikwaruza sakafu kwa kidole cha mguu. "Tangu Jumatatu walifunga mtaro," alisema mwishowe. "Bwawa limejaa hadi juu, linangojea tu nyinyi mmalize kesi. Mimi nalionanga kila siku kutoka jikoni." Akashusha pumzi. "Yule alikuwa mama yangu pia. Kama watataka mtu wa kusema hivyo, waniite."

Walikula mbuzi pamoja.

Namalwa aliitwa, na alisema. Barasa alimuuliza maswali mengi kuhusu wivu na urithi wa kisima, naye akajibu kwamba ndiyo, aliumia kuachwa, lakini kuumia kwake hakukuujaza mtaro. Majibu ya maabara yalipokuja yalionyesha kwamba tope la shimoni na maji ya bwawa la kiwanda ni ndugu wa toka nitoke.

Siku ya uamuzi chumba cha mahakama kule Kakamega kilijaa watu wa bondeni. Jaji alisoma kwa Kiingereza, kurasa nyingi, na karani akatafsiri kwa sauti ya chini. Kiwanda kisimwage tena kitu chochote bondeni. Kijenge mabwawa ya kusafishia maji taka kwanza, kisha ndipo kisage miwa. Kikirekebishe kisima na mtaro kwa namna afisa wa mazingira atakavyoelekeza. Lakini hakikufungwa moja kwa moja, kwa kuwa, Jaji alisema, wakulima wale nao wana haki ya kuuza miwa yao, na mtu hapaswi kuchagua kati ya kazi na maji ya kunywa. Namalwa, aliyekuwa amekaa benchi la nyuma akiwa amefumba macho, aliyafumbua.

Jaji alipomaliza alifunga faili, akavua miwani, akasema kwa Kiswahili: "Mama Selpher, nitarudi baada ya miezi mitatu kuona kama amri hii imefuatwa. Nakuomba jambo moja."

Selpher alisimama. "Ndiyo, Mheshimiwa."

"Usisafishe."

Mahakama nzima ikaangua kicheko, hata Barasa, hata Onesmus kidogo, na Selpher akacheka kuliko wote huku uso ukimwaka kwa aibu.

Kucheka ni rahisi. Kukaa miezi mitatu bila kugusa, hiyo ndiyo kazi. Wiki ya mwisho Selpher alikuwa na mateso ya kweli. Mvua iliangusha majani kisimani, naye akayaona, na mikono ikamwasha. Njia ikaota magugu. Siku moja kabla ya mgeni kufika alimkabidhi Namalwa panga, ufagio na mabeseni yote mawili akayafungie kwake, maana hakujiamini. Asubuhi yake hakuwasha moto mkubwa. Hakushika jogoo. Alioga, akavaa gauni la kanisani, akashuka bondeni mikono mitupu, na alijiona kama mtu anayetembea uchi.

Onesmus alikuwa amekwisha kufika. Mabwawa yake yalikuwa yamekamilika, yamemgharimu usingizi, na alikuwa amekonda. Kando ya miguu yake kulikuwa na kreti ya soda.

"Hiyo ni ya nani?" Selpher aliuliza.

"Ni ya kumkaribisha tu, mama. Safari hii kesi imekwisha."

"Haijakwisha, amekuja kutupima. Irudishe, Onesmus. Utamwaibisha."

Onesmus alimtazama, akaitazama kreti, kisha mtoto yule mkubwa mwenye kiwanda akaibeba begani akaenda kuificha kwenye miwa. Akarudi akasimama kando ya Selpher. Wote wawili hawakujua mikono yao waiweke wapi.

Jaji alishuka kwa gambuti zilezile. Alichuchumaa kando ya jicho la maji, akachungulia ndani. Kulikuwa na majani yanayooza. Kulikuwa na ukungu wa kijani kwenye mawe. Chini ya jiwe kubwa kaa mdogo alitoa gando lake akalirudisha, na kwenye kona yenye jua viluwiluwi walikuwa wamejazana, weusi, wanacheza. Hakukuwa na utando, wala povu. Afisa alijaza chupa zake, karani akaandika, na Jaji akaandika yake kwenye kijitabu.

"Ni uchafu mwingi, Mheshimiwa," Selpher alisema, akishindwa kujizuia. "Naona aibu sana."

"Nauona," Jaji alisema, na alikuwa anatabasamu kwa vile viluwiluwi. Akainuka, akapangusa magoti. Akawatazama wawili wale waliosimama bila birika, bila ungo, bila hata kikombe, na akakawia kidogo kabla ya kuondoka.

"Mama Selpher. Leo hukunikaribisha chakula."

"Hapana, Mheshimiwa," Selpher alisema. "Leo nimekuheshimu."

Jaji alimpa mkono. Kisha akaupanda mlima taratibu, kupitia magugu ambayo hakuna aliyeyafyeka, na gari lilipokwisha kupotea Selpher akamwita Namalwa kwa sauti kubwa amletee ufagio wake.